Sababu Isiyosemeka

Kwa miaka sita tulitenganishwa na ukuta mmoja wa matofali mabichi, na katika miaka hiyo yote sikumsikia jirani yangu akitamka neno mvua. Mbeya si mji ambamo neno hilo hukwepeka. Kuanzia Novemba hadi Mei watu hulitamka wakiamka na wakilala. Yeye alisema "maji ya juu".

"Mwalimu, anua shuka zako! Maji ya juu hayo, yamefika kwa Wahindi!" Ndivyo alivyokuwa akiniita kutoka uani kwake, akimaanisha kwamba wingu limekwisha kuyafikia maduka ya mjini na muda si mrefu litatufikia sisi wa Iyunga.

Mimi nilikuwa mwalimu wa Kiswahili katika shule ya kati. Nilikuwa nimelelewa na mapadri juu ya sarufi ya Kilatini na tungo za kale za pwani, na niliamini kwamba kila kitu kina jina lake moja lililo sahihi. Nilikuwa na daftari la jalada gumu ambamo nilinukuu usemi wa watu wa mji ule, Wasafwa, Wasangu, Wanyakyusa na Wahehe wenzangu, kila mmoja akikizungumza Kiswahili kwa kadiri ya ulimi aliokuja nao. Katika ukurasa wake niliandika: Hutumia fungu la maneno badala ya jina. Msamiati haba. Siku moja nilimwambia waziwazi, "Dada, sema mvua. Ni neno fupi."

Alicheka akiwa ameinama juu ya beseni la nguo. "Wewe sema, Mwalimu. Mimi nitasikia."

Alikozaliwa sikumuuliza. Nilijua kwamba ni Mnyakyusa, kwamba ng'ombe walikuwa wametolewa kwa ajili yake, na kwamba mumewe alikwenda kwenye migodi ya kusini mwaka mmoja baada ya ndoa, akaandika barua mbili, kisha akanyamaza. Mwanamke wa hali hiyo hutarajiwa kurudi kwa wakwe akalime. Yeye alibaki mjini akaimba. Bendi ya dansi iliyokuwa ikifanya mazoezi katika gereji karibu na barabara kuu ilimchukua baada ya kumsikia akiimba huku akitwanga, na kabla mwaka haujaisha watu walikuwa wakitoka Chunya, wamejaa vumbi la dhahabu na la tumbaku, kuja kumsikiliza.

Sauti yake sitajaribu kuieleza kwa mifano. Ilikuwa nzito kuliko ilivyotarajiwa kutoka kwenye mwili mwembamba, na ilikuwa na tabia ya kuchelewa kidogo nyuma ya ngoma. Mara ya kwanza msikilizaji alidhani kwamba amekosea. Mara ya pili alingojea kuchelewa kule kama mtu anayengojea mgeni. Siku za Jumapili aliimba sauti ya tatu katika kwaya ya kanisa lake, kwenye benchi la nyuma, na kila alipoombwa aimbe peke yake alikataa.

"Huku sauti si yangu," alisema. "Kule kwa dansi ndiyo yangu. Nikichanganya, nitawaibia wote wawili."

Nyumbani alivaa kanga mbili na kitambaa cha kichwa. Mtu mzima akipita, hata akiwa ni mlevi wa mtaani, yeye alichutama kidogo kumsalimu kwa desturi ya kwao. Nilimwona akimchutamia hivyo mzee mmoja aliyekuwa ametoka kumtukana. Nilipomuuliza sababu, akajibu, "Namsalimu umri wake. Mdomo wake ataujua mwenyewe."

Mwanamke huyo ndiye aliyejishonesha gauni ambalo kwa majuma kadhaa lilizungumzwa Mbeya kuliko bei ya mahindi. Mfano wake aliupata katika jarida lililoletwa na wachimba migodi waliorudi. Ndani yake mlikuwa na picha ya mwimbaji wa huko kusini amesimama mbele ya bendi. Aliukata ukurasa ule, akaupeleka kwa fundi cherehani aliyefanyia kazi barazani pa duka la Mhindi mmoja, akachagua satini ya rangi ya jani changa la mgomba. Mimi nilikuwapo, nimekwenda kutia viraka suruali yangu ya kazi.

Fundi aliitazama picha, akaigeuza, akaitazama tena. "Mama, hapa nyuma kitambaa kiliisha?"

"Hakikuisha."

"Basi nikuwekee lesi, hata ya kuzugia."

"Lesi weka kwa kitanda yako. Mimi shona kama ilivyo."

Mwenye duka aliinua kichwa kutoka kwenye mizani, akamwambia fundi ashone anachoambiwa. Fundi alishona. Lakini alikuwa muumini, na baadaye alinidokeza kwamba ameacha kitambaa cha akiba ndani ya pindo, ili mama yule akitubu kisikosekane cha kuzibia.

Gauni lenyewe, mtu akilitazama kwa mbele, lingeweza kuvaliwa na mke wa mchungaji. Shingo yake ilifika kooni, mikono ilifika viganjani, na upindo uligusa viatu. Nyuma lilikuwa wazi kutoka mabegani hadi kiunoni. Mwenyewe alilieleza hivi: "Mbele ni ya watu wa kanisa, nyuma ni ya watu wa dansi. Na hawa wa dansi wataiona nikimaliza tu, natoka. Wakiona mgongo wajue kumekwisha, waende nyumbani." Ulikuwa mpango uliopimwa kwa makini. Mchana kutwa wa kuimba ungekuwa wa heshima, na nukta moja ya mwisho, wakati wa kutoka, ndiyo ingewafanya watu wazungumze mpaka mji unaofuata. Nilimwambia kwamba ni werevu wa mshairi, naye akauliza kama hayo ni matusi ya Kihehe.

Utani huo ulikuwa wa kila siku kati yetu. Mimi kwake nilikuwa mtu wa ulanzi. Yeye kwangu alikuwa mtu wa ndizi. Nikichelewa kuamka Jumamosi aliuliza kwa sauti ya kusikika mtaa mzima kama mianzi ya Iringa imeanza kutoa pombe mpaka Mbeya. Nilipougua homa ya matumbo, yeye ndiye aliyenichemshia uji kwa siku kumi na moja, akiuacha kizingitini na kugonga ukuta. Hakuingia ndani hata mara moja, kwa kuwa nilikuwa mwanamume asiye na mke. Nayataja haya ili ieleweke kwamba nilikuwa na kila njia ya kumjua mtu huyu.

Safari ya bendi ilipangwa ianzie Mbeya, iende Chunya, kisha irudi na kuteremka kupitia Igawa hadi Iringa. Iringa ndiko kulikokuwa na maana. Ukumbi wa kule ulikuwa mkubwa, na kiongozi wa bendi, mpiga tarumbeta mnene mwenye maneno machache, alikuwa amepata ahadi kwamba atakuwapo mtu wa santuri kutoka Nairobi. Jirani yangu alikuwa na umri wa miaka thelathini na kitu. Alijua kwamba mtu huyo hatakuja mara mbili. Wiki nzima alifunika chungu cha tangawizi jikoni kwake na kukataa kuzungumza kwa sauti, akatumia mikono.

Dansi la Mbeya lilikuwa la Jumamosi alasiri, katika ukumbi wa ustawi. Kamati ya ukumbi ilikuwa na watu sita, nami nilikuwa katibu. Makatibu wengine waliweka kumbukumbu za maamuzi tu. Mimi niliweka kumbukumbu za kila lililotukia, pamoja na saa. Nilijivunia jambo hilo. Nilikuwa na meza ndogo upande wa kulia, na saa ya mfukoni imefunguliwa juu yake.

Wimbo wa kwanza aliuimba akitutazama, mikono imetulia, gauni limefunga kooni. Wazee wa kamati walianza kujilegeza vitini. Mwenyekiti aliniinamia akasema, "Sasa hapa watu walikuwa wanapiga kelele za nini?" Wimbo wa pili ulipofika katikati, mlango wa mbele ulifunguka. Akaingia mzee mrefu mwenye koti jeusi na mkongojo, mgeni kwetu sote, na kijana wa mlangoni, kwa kumheshimu, akampeleka kwenye kiti kilichokuwa wazi katika mstari wa kwanza.

Jirani yangu akageuka.

Hakugeuka polepole kama mtu anayecheza. Aligeuka mara moja, kama aliyemwagiwa maji, akasimama akitazama ukuta na wanabendi, na mgongo wake wote ukawa mbele yetu katika mwanga wa alasiri. Akaendelea kuimba. Ukumbi ukapasuka kwa kelele.

"Mama, sisi tuko huku!"

"Mwache! Huko ndiko kwenyewe!"

"Dereva, rudisha nyuma gari!"

Filimbi zilipigwa, vijana wakapanda juu ya mabenchi. Aliimba wimbo huo hadi mwisho, na wa tatu, na wa nne, akiwa katika hali hiyohiyo, wala sauti haikutetemeka. Kisha akatoka kwa ubavu kupitia mlango mdogo, ameinama, kiganja kimefunika uso. Nilidhani kwamba anaficha kicheko.

"Mwalimu," alisema mwenyekiti, na mishipa ya shingo imemsimama, "andika hilo."

Nilikuwa nimekwisha kuliandika. Wakati nikikunja karatasi, mama mmoja muuza ndizi, Mnyakyusa wa makamo aliyekuwa amekaa karibu na mlango, alinifuata. Aliongea chini, akitazama sakafu. "Mwalimu, usiandike upesi."

"Mama, mimi huandika niliyoyaona."

Alinitazama kidogo. "Haya, baba," akasema. "Andika."

Kesho yake, baada ya ibada, nilimkuta jirani yangu uani akipiga pasi. Gauni lile hakulianika nje kamwe. Alilikausha ndani, kwenye kamba, limefunikwa na shuka, kwa kuwa alisema nguo ya kazi haionyeshwi majirani. Sasa alikuwa amelilaza juu ya meza, na juu yake kitambaa kibichi, akipitisha pasi ya mkaa taratibu sana. Sikumsalimu vizuri. Nilikuwa nimeaibishwa mbele ya kamati, kwani mimi ndiye niliyewaambia kwamba ni mtu wa adabu.

"Dada, kwa nini uligeuka?"

"Niligeuka."

"Hilo nimeliona. Nauliza sababu."

Aliinua pasi, akaiweka juu ya jiwe. Alitaka kusema, nakumbuka kinywa chake kilivyofunguka. Kisha akasema, "Sababu iko, Mwalimu, lakini haisemeki."

"Kila jambo lenye sababu husemeka."

"Kwenu labda," alisema, akaichukua tena pasi yake.

Jumanne ilifika barua kutoka kwa kamati ya ukumbi wa Iringa. Habari za gauni zilikuwa zimewatangulia. Waliuliza, kwa adabu, kama mwimbaji huyo ni mtu wa kusimamishwa mbele ya familia zao, na waliomba jibu liandikwe na mimi, kwa sababu wawili kati yao walinifundisha na waliujua mwandiko wangu. Bendi ilikuwa imekwisha kwenda Chunya. Nilikaa na barua hiyo jioni nzima, nikaandika rasimu tatu, nikafuta kila sifa iliyoelekea kwenye hasira. Nilitaka yabaki mambo yaliyotukia tu. Nakala ya kaboni ninayo, na maneno yake ni haya:

Mwimbaji huyo aliimba wimbo wa kwanza kwa heshima. Katikati ya wimbo wa pili, huku akitazamwa na wazee, aliwageuzia watu mgongo usio na nguo, akaimba hivyo mpaka mwisho wa nyimbo tatu. Hakuomba radhi. Alipoulizwa sababu ya kufanya hivyo, alikiri kwamba hana.

Nilitia sahihi, nikaituma kwa basi la posta.

Yaliyofuata nilisimuliwa na kiongozi wa bendi. Lori lao lilipumzika Igawa, kama magari yote yanavyofanya, na pale dukani walikuta barua inawangojea. Bendi ilikaribishwa Iringa, mwimbaji hakukaribishwa. Kiongozi alimsomea akiwa amekaa juu ya sanduku lake, nyuma ya lori, na miguu inaning'inia. Alimwuliza kama wamwambie dereva arudi. Yeye akawauliza kama mtu wa santuri bado atakuwapo. Wakasema atakuwapo. "Basi nendeni," akasema. "Kijana wa gita anajua nyimbo zote. Mwambie asikimbie kwenye ile ya tatu." Akashuka, wakamteremshia sanduku. Santuri ilirekodiwa, na kijana yule anasikika humo akiimba nyimbo tatu za jirani yangu, akikimbia kwenye ile ya tatu.

Mbeya hakurudi. Chumba chake kilipangishwa kwa karani wa mabasi ya reli, mtu mkimya asiyenitania. Nilikuwa nikisema moyoni kwamba nimesikitika, lakini sikuwa nimejuta. Mambo hayo mawili sikuyatofautisha wakati ule, mimi niliyetofautisha maneno kwa riziki yangu.

Niliyajua mambo yalivyokuwa miaka minne baadaye, na nilikuwa nayo mkononi tangu mwanzo. Mwalimu mwenzangu, Mnyakyusa wa upande wa Rungwe, alikuwa akipitia daftari langu la usemi ili kujiburudisha. Alipofika kwenye "maji ya juu" aliangua kicheko.

"Msamiati haba! Mwenzangu, huyu alikuwa na msamiati mara mbili ya wako. Huyu namfahamu, aliolewa karibu na kwetu. Alikuwa anamwogopa mkwe wake."

Akanieleza taratibu, kama mtu anayemfundisha mtoto wa darasa la kwanza. Mkamwana wa Kinyakyusa haonani uso kwa uso na baba mkwe. Wakikutana njiani, yeye hujiinamia na kumpa kisogo mpaka apite. Jina la mzee halitamki, wala neno lolote linalofanana nalo. Jina la mzee yule lilikaribiana na neno lao la mvua, na jirani yangu, kwa kutahadhari, alilikwepa hata kwa Kiswahili. Yote haya hayakuwa mageni kabisa kwangu. Nilikwisha kuyasikia, na hata kuyaandika pengine. Ila nilikuwa nimeyaweka kwenye fungu la wanawake wa mashambani. Haikunijia kwamba heshima ya namna hiyo yaweza kuvaa satini.

"Mkwewe alikuwa mtu wa namna gani?" nilimuuliza.

"Mzee wa kanisa. Mrefu, na mkongojo. Alifariki juzijuzi. Hakuvua koti lake jeusi hata wakati wa jua."

Usiku—la, ilikuwa bado magharibi, nasema hivyo kwa sababu moyo wangu ulikuwa umeingia giza—nilifungua kumbukumbu za ukumbi. Mistari miwili ilifuatana, kwa mkono wangu mwenyewe. Saa kumi na dakika kumi: mzee mgeni mwenye koti jeusi ameingia, amepewa kiti mbele. Saa kumi na dakika kumi: mwimbaji amegeuka. Nilikuwa nimeandika sababu, na chini yake nimeandika tendo, na katika barua nikapeleka tendo peke yake.

Tangu hapo nilimtafuta, si kwa bidii inayostahili sifa. Mwishoni mwa miaka ya hamsini nilipata uhamisho kwenda Iringa. Gari letu lilisimama Igawa mchana, na kabla sijamwona mtu yeyote nilisikia sauti ikiita juu ya ngurumo ya malori mawili, "Wali wa moto! Chai ya maziwa! Kaeni, gari haliondoki bila dereva, na dereva yuko kwangu anakula!" Abiria walicheka. Ilichelewa kidogo mwishoni, sauti ile.

Alikuwa amenenepa, na mbele ya meno kulikuwa na pengo. Alinitambua kabla sijafungua kinywa.

"Mtu wa ulanzi. Umezeeka vibaya."

"Dada," nilisema, na hotuba yote niliyoitayarisha ikanitoka kichwani. Nilikaa kwenye benchi. Aliniletea chai bila kuuliza, akasimama upande wa pili wa meza, kitambaa begani. Nilimwambia kwamba nimejua habari za mkwe wake, kwamba sikuelewa desturi, kwamba ni ujinga wa mgeni, kwamba anisamehe. Nilisema mengi. Alisikiliza huku akifuta meza ambayo ilikuwa imekwisha kufutwa.

"Alikuja kuniangalia," alisema mwishowe. "Waliomwambia walimwambia naenda uchi. Akapanda lori, mtu wa umri ule, mzee wa kanisa, kuja kwa dansi. Alikuwa anakuja kunichukua, nirudi nilime. Wifi yangu aliniambia. Alivyorudi, aliwaambia kwao: mwacheni, ana adabu. Hakunifuata tena." "Ukumbi mzima, aliyenielewa ni yeye. Na wale akina mama wa kwetu."

"Kwa nini hukuniambia?"

"Nikuambie nini? Kwamba mzee wa kanisa alikuwa kwa dansi? Wewe ungeandika."

Nilitoa nakala ya kaboni mfukoni, nikamwambia kwamba nakwenda kukaa Iringa, kwamba wale wa kamati bado wapo, na kwamba nitawaandikia upya niwaeleze yote. Akaniomba nimsomee kwanza ile ya zamani, kwa kuwa hakuwahi kuisikia. Siku ile walimsomea jibu la Iringa tu. Nilisoma. Aliitikia kwa kichwa kila sentensi, kama mtu anayehakiki mzigo wake. Niliposoma neno la mwisho, akainua mkono.

"Hapo."

"Hapo nini?"

"Umesema sikuwa na sababu."

"Ndiyo. Uliniambia…"

"Nilisema haisemeki."

Nilitazama karatasi. Kwa muda wa miaka ile yote nilikuwa nikiomba msamaha moyoni kwa kutojua desturi za watu, na kosa hilo lilikuwa la kusameheka, hata lilikuwa na namna ya usomi ndani yake. Hili lilikuwa jingine. Alinipa neno, nami nikapeleka neno jingine kwa sababu lilikaa vizuri zaidi mwishoni mwa sentensi.

"Ungeandika hivyohivyo," alisema, bila ukali. "Haisemeki. Iringa nako kuna watu wazima. Kuna wangeuliza."

"Nitaandika sasa. Nitawaambia ni kwa ajili ya…"

"Yeye usimtaje."

"Amekwisha kufariki, dada."

"Ndiyo zaidi. Hawezi kujitetea."

"Nikimwacha yeye, barua haitakuwa na maana."

"Basi haina," akasema. "Kunywa chai, inapoa."

Nilikunywa. Dereva aliinuka, akajifuta mdomo, akaenda kuwasha gari, na abiria wakaanza kupanda. Nilisimama. Alinisindikiza hatua chache hadi kwenye kivuli cha gari, akanishika mkono wa koti, jambo ambalo katika miaka sita ya ujirani hakulifanya.

"Mwalimu, ule ukumbi wa Iringa umewahi kuingia?"

"Nimeingia."

"Sauti inakaa? Au inapotea juu?"

Honi ilipigwa. Aliningojea nijibu, na uso wake ulikuwa umetulia kabisa, kama wa mtu anayeulizia bei.

"Inapotea," nilisema. "Bati tupu, dada. Mtu wa mstari wa tatu hasikii kitu. Hukukosa neno."

Aliniangalia kwa muda, kisha akauachia mkono wangu. "Haya," akasema. "Asante."

Dari la ukumbi ule ni la mbao, na mtu akinong'ona jukwaani husikika mlangoni.